Suruali ya Mtu Aliyesimama

Wanamwita Futi kwa sababu hana haja ya futi. Kwa miaka thelathini na moja ameshona nguo bila kumzungushia mtu utepe kiunoni. Mteja akiingia husimamishwa mbele ya kioo kirefu, naye Futi hubaki kwenye stuli yake nyuma ya cherehani. Akiwa hapo anaona mgongo wa mteja kwa macho na kifua chake ndani ya kioo, vyote kwa pamoja. Anatazama mara moja tu, kama mtu anayesoma tangazo ukutani. Halafu anasema, "Haya, njoo Ijumaa," na kuanza kuchora kitambaa kwa chaki. Nguo ikitoka, imemkaa mwenyewe.

"Wewe unatujua kuliko waume zetu," karani mmoja aliwahi kumwambia.

"Waume zenu hawana muda wa kutazama," Futi alimjibu bila kuinua kichwa.

Duka lake ni chumba cha mbele cha nyumba ya baba yake. Kuna meza ya kukatia, cherehani ya kukanyaga kwa miguu, pasi, na kamba iliyojaa sare za shule. Pazia la kijani lililofifia linakitenga chumba hicho na cha nyuma, na huko nyuma ndiko anakolala baba. Ni mwaka wa tisa sasa tangu kiharusi kilipomchukua upande mzima wa kulia. Ulimi wake ni mzito, lakini kilicho nyuma ya ulimi hakijapungua hata chembe.

Mgonjwa wa namna hiyo asipogeuzwa kila baada ya saa mbili, nyama inaoza juu ya mfupa. Futi hana haja ya saa. Anajua kwamba akishona sare kwa mwendo wake wa kawaida, bobini tatu za uzi humaliza saa mbili kasoro kidogo. Bobini ya tatu ikiisha anainuka, anapita pazia, anampitishia baba mkono wa kushoto mgongoni, anamwegemeza begani, anamgeuza. Kisha anajaza bobini nyingine tatu. Amefanya hivyo mchana kutwa, na usiku kwa kuamkaamka, kwa miaka tisa, na bega lake la kushoto limeshuka. Yeye mwenyewe hakuwahi kuliona, kwa kuwa fundi hupima watu wengine.

Wadogo zake ni wawili, wote wanaume. Mmoja ni mkandarasi wa majengo katika mji ulio mwendo wa saa nne kwa basi, mwingine ni mwalimu, mbali zaidi. Hupiga simu Jumapili. "Dada, Mungu ndiye atakayekulipa," husema, na maneno hayo yana ubaya wake, kwa kuwa mtu akishamwachia Mungu deni lake, yeye mwenyewe hulala usingizi mzuri. Si watu waovu. Walizoea tu tangu utotoni kwamba kitu kizito kikiwepo, kuna mtu mwingine wa kukiinua.

Mtu wa kwanza alikuwa baba. Alikuwa dereva wa malori ya masafa marefu, na mke wake alipofariki na kumwachia watoto watatu, aliacha usukani, akaenda kubeba magunia kwenye ghala la jirani ili kila jioni awe nyumbani. Magunia yakamvunja mgongo. Futi wakati huo alikuwa na miaka ishirini, amemaliza mwaka wa kwanza chuo cha uuguzi. Alirudi likizo, akamkuta baba kalala na wadogo zake wanakula mara moja kwa siku. Hakurudi chuoni. Alichukua cherehani ya marehemu mama yake, akaanza na viraka. Hakuna aliyemlazimisha, na hakuna aliyemuuliza. Katika nyumba ile kujinyima kulikuwa kama surua: kuliwapata wawili vibaya, na kukawaruka wawili kabisa.

*

Kioo cha zamani kilipasuka katikati, na wateja wakawa wanajiona kama waliokatwa shingo. Futi akanunua kingine kutoka hoteli iliyokuwa imefungwa. Wabebaji wawili walikileta kikiwa kimefungwa kwa blanketi, na yule mzee wao akasema akijifuta jasho, "Dada, hiki huko kilikuwa kimegeuziwa ukuta. Eti wageni wakikaa nacho hawatoki vyumbani."

"Hapa hakuna atakayekaa nacho," Futi alisema. "Mimi mteja nampa nusu dakika."

Na kweli, kwa nusu dakika kilikuwa kioo kama vioo vingine. Wateja walijiona walivyo, wakavuta tumbo ndani, wakaondoka. Fundi viatu wa barazani upande wa pili, mzee mcheshi ambaye viatu vyake mwenyewe vina matundu, alikuja kukijaribu siku ya kwanza.

"Jirani, kioo chako kimenipa kitambi."

"Kimekurudishia. Ulikisahau nyumbani?"

Ikapita wiki. Alasiri moja, baada ya kumgeuza baba na kubadilisha shuka mara ya pili, Futi alirudi mbele akaona stuli yake iko mbali sana. Akakaa kwenye kiti cha wateja, palepale mbele ya kioo, mikono magotini, kwa sababu kilikuwa karibu. Hakuwa na nia ya kujitazama. Alikuwa anapumzika tu na macho yake yakaangukia hapo.

Kwanza alijiona mwenyewe. Kisha, polepole, kama kitambaa kinavyobadilika rangi kikilowa, akaona mwanamke mwingine amekaa kwenye kiti kilekile. Alikuwa na pua yake, paji lake la uso na alama yake ya kuungua kidevuni. Lakini alivaa gauni jeupe la kazi lililopigwa pasi vizuri, na saa ndogo ya muuguzi imebanwa kifuani. Futi alijua papo hapo ni nani. Alikuwa yule aliyerudi chuoni.

Watu wangedhani alilionea wivu gauni, au cheo. Sivyo. Alichokiona Futi, akashindwa kuondoa macho, ni uso uliolala. Ngozi ya chini ya macho ilikuwa laini. Mabega yote mawili yalikuwa sawa kama yamewekwa rula. Alikuwa mwanamke ambaye usiku uliopita alijilaza, akalala, akaamka asubuhi.

Alipoinua mkono, mwanamke naye aliinua mkono. Alipogeuka kwenda kwenye cherehani, kioo kilirudi kuwa kioo.

Kesho yake alikaa tena. Na keshokutwa. Akagundua kwamba akikaa zaidi, wengine nao huja: mmoja mwenye duka kubwa na mafundi sita nyuma yake, mwingine mwenye pete na mtoto wa kike aliyelala mapajani. Hao aliwatazama na kuwaacha. Kila mara alimngoja yule muuguzi aliyelala vizuri. Alikuwa anakwenda kwake kama watu wanavyokwenda kukaa kivulini.

Kupumzika si dhambi. Lakini kivuli kile kilikuwa na gharama na hakuwa yeye anayeilipa. Cherehani ilipokuwa imesimama, bobini haikuzunguka, na bobini ndiyo ilikuwa saa yake. Kila bobini ya tatu aliinuka kama kawaida, bila kukosa, mwaminifu kabisa. Ila saa mbili zilikuwa zimekuwa tatu, na siku nyingine nne, na yeye hakujua.

"Jirani," fundi viatu alimwita kutoka barazani, "cherehani yako siku hizi kimya. Imeolewa?"

"Inapumzika."

"Ikipumzika yenyewe sawa. Mimi na wewe tukipumzika wanakuja kutuzika."

Siku ya kumi na mbili alipomgeuza baba, aliona kwenye nyonga kidonda kikubwa kama kifungo cha koti. Miaka tisa, na mwili ule haukuwahi kuwa na kidonda. Alisimama ameshika kona ya shuka. Baba alikuwa ameelekea ukutani, na sauti yake ilitoka nzito na pole.

"Bobini zimekuwa ndefu, mwanangu."

Alikuwa akizihesabu. Miaka yote hiyo alikuwa amelala nyuma ya pazia akisikiliza cherehani, akijua ya kwanza, ya pili, ya tatu. Na wakati cherehani iliponyamaza alilala akingoja, na hakuita.

"Kwa nini hukuniita, Baba?"

"Nilidhani umelala. Nikasema, acha alale."

Futi aliosha kile kidonda kwa maji ya chumvi, akakifunga, akatoka mbele na kukifunika kioo kwa shuka kuukuu. Jioni hiyo hakula.

*

Kama mambo yangeishia hapo, angerudi kwenye bobini zake, angeendelea kushuka bega hadi siku aanguke, na wadogo zake wangesema alikuwa dada wa mfano. Lakini wiki hiyohiyo mkandarasi alituma kitambaa cha suti kwa basi, cha kijivu, kizito, cha bei. Kisha akapiga simu.

"Dada, mshonee mzee suti. Jumapili nakuja na mpiga picha. Tunataka picha moja nzuri ya familia, niitundike sebuleni."

"Baba ana kidonda."

"Pole yake. Mpe salamu. Suti iwe na kizibao, Dada, atapendeza."

Hivyo Alhamisi Futi alimkalisha baba kwenye kiti cha magurudumu, akamwegemeza upande usio na kidonda, akamsukuma hadi mbele. Akakifunua kioo, kwa kuwa hakujua kupima mtu namna nyingine. Kabla hajafika kwenye stuli, mama wa mwanafunzi akaingia na sare mkononi.

"Fundi, hii shati haina kifungo cha tatu."

"Kilikuwepo."

"Kilikuwepo wapi? Mwanangu amekwenda shule kifua wazi kama bondia!"

Wakabishana, Futi akatafuta kifungo, akakishona palepale mlangoni kwa mkono. Muda huo wote baba alikuwa mbele ya kioo. Futi aliporudi kwenye stuli, macho yalikuwa yanamuwasha kwa uchovu. Alitazama mara moja, kama afanyavyo siku zote, nusu dakika. Jicho likachukua upana wa mabega, urefu wa mkono, urefu wa mguu. Akamrudisha baba kitandani, akachora, akakata. Baba alikuwa anatabasamu kwa nusu ya mdomo.

Jumapili asubuhi alianza kumvalisha. Koti lilimning'inia mabegani kama limetundikwa kwenye msumari. Suruali ilipita nyayo ikalala sakafuni, shibiri nzima kila upande. Futi alipiga magoti, akaukusanya upindo mkononi asielewe. Miguu ile iliyojikunja magotini alikuwa ameiosha kila siku kwa miaka tisa. Angeweza kuichora gizani.

"Umemshonea nani hii?" baba akauliza.

"Wewe, Baba."

"Mimi? Mimi ni huyu." Kwa mkono wake mzima aligusa paja lake lililokonda. "Hii ni ya yule bwana. Nilimwona mle kwenye kioo chako. Amesimama wima, kifua hivi. Yule hakuacha lori."

Futi alikaa chini sakafuni.

"Ana mgongo mzuri," baba akaendelea, akivuta pumzi kati ya maneno. "Hakubeba gunia hata moja. Nikatazama nyuma yake, nikasema watoto wako wapi? Hamkuwepo. Sikuona hata kiatu cha mtoto." Akaivuta ile suruali pajani. "Basi mwenye suruali akija, mwambie aje anivalishe yeye. Aje na huyo unayekaa kumtazama wewe."

"Ulijua?"

"Nina sikio. Cherehani kimya, kiti cha wateja kinalia, na mteja hayupo. Uliona nini?"

"Mtu aliyelala," alisema Futi.

Baba alifumba macho. "Na nyuma yake? Chumbani kwangu?"

Hakuwa amewahi kuzingatia kilichokuwa nyuma ya yule mwanamke. Alikumbuka sasa. Ndani ya kioo pazia la kijani halikuwepo. Kulikuwa na mlango, umefungwa, na mbele yake makabati. Yule mwanamke alilala vizuri kwa sababu nyuma ya mlango wake hapakuwa na mtu. Na yeye, Futi, kwa siku kumi na mbili hakumuuliza mwanamke yule baba yao yuko wapi.

"Nimechoka, Baba," akasema.

Neno hilo lilikuwa halijasemwa katika nyumba ile. Si na mbeba magunia, si na mshonaji. Waliogopa kwamba atakayelisema kwanza atakuwa amemtua mwenzake chini. Lakini hakuna kilichoanguka. Baba aliweka mkono wake mzima juu ya kichwa cha binti yake, na kwa sababu mkono ulikuwa mzito alimvuruga kitambaa cha kichwa.

"Najua," akasema. "Ila mimi siye wa kuambiwa. Mimi ndiye mzigo. Waambie wenye mabega."

*

Mkandarasi alifika saa sita, amenyoa vizuri, na mpiga picha nyuma yake amebeba mguu wa kamera.

"Dada! Mzee tayari?"

"Bado. Nimemvua nikamlaza. Mvalishe wewe."

Alicheka. Kisha akaona anacheka peke yake. Futi alikuwa amekaa kwenye stuli yake, mikono mapajani.

"Mimi? Dada, mimi sijui namna ya kum..."

"Mkono wa kushoto unapita mgongoni. Anakuegemea begani. Usimvute kwa kwapa, utamtegua. Na upande wa kulia ana kidonda, usiguse hapo."

Alivua koti lake. Mpiga picha alitoka nje kwa busara akakaa na fundi viatu. Kutoka nyuma ya pazia ikasikika miguno, kitanda kikilia, "Samahani, Mzee," na tena "Samahani, Mzee," kisha sauti ya baba: "Polepole, kijana. Mimi si tofali."

Ilimchukua karibu saa nzima. Alipomsukuma baba mbele, shati lake lilikuwa limelowa mgongo wote, na suti ya kijivu ilikuwa imemmeza mzee. Miguu ya suruali iliburuzwa sakafuni, ikanaswa kwenye gurudumu.

"Nani kapima hii?" akauliza, akihema.

"Mimi. Nimekosea."

Alimtazama dada yake. Hakukuwa na mtu aliyewahi kusikia Futi amekosea. Pengine hapo ndipo alipoliona lile bega, kwa sababu macho yake yalikaa hapo na hayakuondoka.

"Wewe una wiki moja kila mwezi," Futi akasema. "Mwalimu ana wiki moja. Mimi nina mbili. Unakuja hapa unalala hapa, au unampeleka kwako. Wiki yako inaanza leo."

"Dada, leo? Nina mafundi wanamwaga zege kesho! Tutafute mtu wa kumlea, mimi nitamlipa, hata wawili..."

"Mtafute. Atakusaidia katika wiki yako. Lakini wiki ni yako."

"Na picha?"

"Piga. Amevaa suti uliyotaka."

Picha ikapigwa. Imetundikwa sebuleni kwa mkandarasi hadi leo: mzee ndani ya suti ya mtu mwingine, akicheka kwa nusu ya mdomo, na mwanawe pembeni, nywele zimemsimama na shati limelowa. Futi hayumo. Alikuwa amemwonyesha mdogo wake sabuni ilipo, shuka zilipo na dawa ya kidonda, akaingia kwenye chumba chake kidogo saa nane mchana, akafunga dirisha, akalala. Aliamka Jumatatu, jua limeshapanda, na kwa muda hakujua yuko nyumba gani.

Haikuwa rahisi baada ya hapo. Katika miezi mitano mkandarasi amekuja mitatu. Mwalimu amekuja mmoja, na mara nyingine alituma shairi. Futi anapiga simu, anadai, hapunguzi sauti. Anajua sasa kwamba ule ukimya wake wa miaka tisa, ambao watu waliusifu, uliwafundisha ndugu zake uzembe, na kwamba sehemu ya kosa hilo ni yake. Kidonda kilipona. Saa ya ukutani imewekwa juu ya meza ya kukatia, na baba analalamika kwamba sauti yake haina maana, alizoea bobini.

Kioo bado kipo, kwa sababu duka linataka kioo. Lakini kiti cha wateja kimehamishiwa kwenye meza, na hakuna anayekaa mbele ya kioo hicho tena. Futi hapimi kwa jicho. Anavaa utepe shingoni, na wateja wa zamani wanamcheka.

"Futi na futi!" fundi viatu alipiga kelele siku ya kwanza. "Jicho limeisha betri?"

"Limechoka," alimjibu. "Geuka nikupime, nione kama kitambi ni chako kweli."

Mwezi uliopita, katika wiki ya mkandarasi, alijishonea gauni. Alijipima mwenyewe kwa utepe, polepole, kutoka shingoni hadi ncha ya bega. Kulia inchi tano. Kushoto utepe ulikwenda chini zaidi, karibu inchi nzima. Mafundi wengi hapo hutia sponji ndani ya bega, gauni lionekane sawa. Alishika kipande cha sponji mkononi kwa muda, kisha akakirudisha kwenye droo, akachukua chaki, na kukata upande wa kushoto ulivyo.